MCHEZAJI AKIVUA JEZI, KAZI YAKE HAIJAISHA



Kuna neno moja linalotembea sana katika shule yetu tangu mwanzo wa mwaka huu wa masomo. Linasemwa kwa barza ya madarasa, linasemwa njiani wakati wa kurudi nyumbani, na hata wakubwa wengine wanalisema pasipo kuficha: «Binti akimaliza shule, mchezo umekwisha. Sasa anafundishwa basketi ya nini?» Ni juu ya neno hilo saa ya michezo ya mabinti, siku ya tatu mchana, imeanza kupunguka. Mara ya kwanza ilikatwa ili mabinti wachote maji. Mara ingine ilikatwa ili wafyeke majani. Siku hizi ikikatwa, hakuna mutu anayeuliza tena. Vijana wanaume wao wanaendelea kucheza siku ya posho kama kawaida, na majani hayawahusu.

Sisi wafinalisti tumeona si vizuri tunyamaze. Hatuandiki ili kugombana na mutu, wala kumukosea mukubwa heshima. Tunaandika kwa sababu neno lile si la kweli, na tutalionyesha kwa habari ya mwanamuke mmoja aliyecheza, akaacha kucheza, kiisha akafanya kazi kubwa kuliko ile aliyofanya akiwa mchezaji. Jina lake ni Noeline Taurua, wa inchi ya Nyuzilandi, mutu wa kabila la Wamaori, wale waliokuwa wenyeji wa inchi ile mbele ya Wazungu kufika.

MCHEZO WENYEWE

Wengi kati yetu hatujauona mchezo wake. Unaitwa netiboli. Ndugu zetu wa Tanzania, ambao wanaucheza kwa mashule, wanauita pia mpira wa pete. Unafanana na basketi, lakini si basketi. Kila ekipe ina wachezaji 7, na kila mmoja anavaa herufi kifuani zinazoonyesha nafasi yake na sehemu ya uwanja anayoruhusiwa kukanyaga. Pete iko juu metre 3,05 sawa na ile ya basketi, lakini nyuma yake hakuna ubao wa kugongesha mpira. Wachezaji wawili tu ndio wanaoweza kutupa mpira kwa pete. Na jambo kubwa ni hili: mwenye mpira hawezi kuudundisha na kukimbia nao. Akiudaka, anasimama, na mbele ya sekonde 3 kupita ni lazima amupe mwenzake. Wanacheza mara nne, kila mara dakika 15.

Angalieni vizuri sheria ile. Katika mchezo huu hakuna fundi wa peke yake anayeweza kutoka huku na mpira mpaka kule, watu wakipiga kelele za kumusifu. Hata akiwa na mbio kama swala, sekonde 3 zikiisha mpira ni lazima utoke mikononi mwake. Kwa hiyo anayejua mchezo huu vizuri anajua zaidi ya mikono yake: anajua wenzake sita wako wapi, nani amechoka, nani anaogopa. Hatushangai basi kwamba kati ya wachezaji wa namna hii wanatoka makocha wazuri.

Tena tusiseme ni mchezo wa mbali usiotuhusu. Mwaka 2023 Kombe la Dunia la netiboli lilichezwa Cape Town, Afrika ya Kusini, mara ya kwanza katika bara letu. Jirani zetu wa Uganda walikuwako, nao walimaliza nafasi ya 5 katika ulimwengu wote. Uganda si mbali, ni hapo tu ng'ambo ya mpaka.

NJIA ALIYOPITA

Taurua alivaa jezi ya inchi yake katika miaka ya 1990. Alicheza michezo 34 ya kimataifa. Alikuwa mchezaji muzuri, lakini kama angekoma hapo, sisi huku tusingejua jina lake. Wachezaji muzuri ni wengi, na dunia inawasahau upesi.

Alipoacha kucheza hakuketi kuhesabia watu habari za zamani. Tangu mwaka 2002 alikamata ekipe ya jimbo iliyoitwa Magic, akaifundisha zaidi ya miaka kumi. Mwaka 2005 na mwaka 2006 wakawa mabingwa wa inchi. Kiisha yakaanzishwa mashindano mapya, ekipe za Nyuzilandi pamoja na ekipe za Australia. Waaustralia walikuwa wakishinda kila mwaka. Mwaka 2012 ekipe ya Taurua ilianza vibaya sana: walipigwa michezo minne ya kwanza, mmoja nyuma ya mwingine. Wasomaji wetu wanajua ekipe ikipigwa mara nne inakuwa namna gani. Wachezaji wanaanza kusukumiana makosa, wengine wanaumwa ghafla siku ya zoezi, na watu wa inje wanapiga kelele kocha afukuzwe. Lakini wale hawakutawanyika. Waliendelea kushinda na kushinda mpaka fainali, na huko Melbourne, kwa uwanja wa wenyewe, wakawapiga Vixens 41 kwa 38. Katika miaka yote ya mashindano yale, toka 2008 mpaka 2016, hiyo ndiyo ekipe peke yake ya Nyuzilandi iliyotwaa kombe.

Mutu angefikiri kwamba baada ya kazi kama hiyo atapewa mara moja ekipe ya taifa. Hapana. Mwaka 2015 kiti kile kilipokuwa wazi, kilipewa mwengine, Janine Southby. Taurua hakukaa kunung'unika. Alivuka bahari kwenda Australia, akapewa ekipe ndogo iliyozaliwa siku ile ile, haina historia wala kombe, inaitwa Sunshine Coast Lightning. Mwaka 2017, mwaka wa kwanza wa ekipe ile, walikuwa mabingwa wa Australia. Mwaka 2018 wakarudia tena.

Na kwao je? Kwao mambo yalikuwa yameharibika. Mwezi wa ine 2018, katika michezo ya Commonwealth huko Gold Coast, Nyuzilandi walipigwa na Malawi, mabao 57 kwa 53. Ndiyo, Malawi yetu ya Afrika, inchi isiyokuwa na mali kutupita sisi. Walipigwa pia na Uingereza, wakapigwa na Australia, na mwisho wakapigwa na Jamaika walipogombania nafasi ya tatu. Wakarudi nyumbani bila medali, jambo ambalo halijawahi kuwapata katika michezo ile. Hapo ndipo walimukumbuka mama yule waliyemupita. Katika mwezi wa munane 2018 alipewa ekipe ya taifa.

Alikuwa na miezi kumi na moja tu mbele ya Kombe la Dunia. Alifanya nini? Si uchawi. Alidai kwanza mwili wenye nguvu: mbio, pumzi, kipimo ambacho kila mmoja alipaswa kufikia, mwenye jina na asiye na jina. Kiisha aliita tena wakubwa. Casey Kopua alikuwa ameacha ekipe ya taifa, akarudi. Laura Langman alikuwa amekatazwa kwa sababu alicheza inje ya inchi. Wakamupa ruhusa, akarudi, akawa kapiteni. Wakubwa wale walicheza pamoja na wadogo, na wadogo walijifunza wakiwa ndani ya uwanja, si kwa kusimuliwa.

Huko Liverpool, mwezi wa saba 2019, walikutana na Australia katika michezo ya makundi, wakapigwa kwa bao moja, 50 kwa 49. Wakashinda Uingereza nyumbani kwake, 47 kwa 45. Na tarehe 21, siku ya fainali, walikutana tena na Australia, ile iliyokuwa imetwaa kombe mara tatu mfululizo. Wakaishinda kwa bao moja, 52 kwa 51. Nyuzilandi haikuwa imegusa kombe lile tangu mwaka 2003. Ekipe iliyopigwa na Malawi mwaka mmoja mbele sasa ilikuwa bingwa wa dunia. Mwaka 2020 serikali yao ilimupa Taurua cheo cha heshima cha Dame.

Tusimufanye malaika. Mwaka 2022 ekipe yake ilipata medali ya shaba tu, na mwaka 2023 kule Cape Town ilimaliza nafasi ya 4. Mwaka 2025 chama cha mchezo cha inchi yake kilimuweka kando kwa majuma kazaa, kiisha wakapatana, akarudishwa kazini. Kiti cha kocha kinaunguza. Anayekikalia anajua kwamba ushindi wa jana haumulindi kesho. Lakini hiyo pia ni kazi, na yeye ameifanya zaidi ya miaka ishirini, akiwa mama wa watoto watano.

TUNAJIFUNZA NINI

Jambo la kwanza. Wale wanaosema «binti akimaliza, mchezo umekwisha» wanahesabu miaka ya kucheza peke yake. Miaka ya kucheza ni michache kwa kila mutu, mwanaume na mwanamuke. Goti linachoka, watoto wanazaliwa, kazi inakuja. Lakini yale aliyoyajua mchezaji hayakai ndani ya goti. Yanakaa ndani ya kichwa. Taurua alicheza miaka michache, akafundisha miaka mingi. Kama mutu angemuambia akiwa na miaka 17 «wewe kafyeke majani», hasara isingekuwa yake peke yake. Ingekuwa ya inchi nzima.

Jambo la pili. Kucheza ni kitu kimoja, kufundisha ni kingine. Hapa kwetu tunakosa pande zote mbili. Wengine wanafikiri kila anayejua kucheza anaweza kufundisha bila kujifunza kazi hiyo. Wengine wanafikiri mwalimu yeyote mwenye filimbi na nafasi mchana anaweza kuwa kocha, hata kama hajagusa mpira tangu kuzaliwa. Taurua alianza chini, kwa ekipe ya jimbo, akakosea huko, akapigwa huko, akajifunza huko. Alipofika juu alikuwa amekwisha kulipa minervali yake.

Jambo la tatu, na hili linatugusa sana sisi. Ujuzi usipopewa mwengine unakufa. Inchi yetu ilikwisha kuonja utamu wa mchezo wa mabinti. Ekipe yetu ya wanawake ilitwaa kombe la Afrika la basketi mwaka 1983, mwaka 1986 na mwaka 1994, wakati inchi ilipoitwa Zaïre. Mwaka 1996 ilicheza Olimpiki kule Atlanta. Kati ya mabinti wale alikuwamo Mwadi Mabika, mzaliwa wa Kinshasa, ambaye kiisha alikuwa bingwa wa Marekani pamoja na ekipe ya Los Angeles Sparks, mwaka 2001 na 2002. Wale wote walikuwa mabinti wa shule siku moja. Kuna mutu aliyewashikisha mpira mara ya kwanza. Kuna mutu aliyewaachia saa ya kucheza.

MAJIBU KWA WANAOPINGA

Tunajua wengine watasema: «Huko ni inchi ya mali. Sisi tuko na mpira mmoja.» Ni kweli, mpira tunao mmoja, na ule umezibwa mara mbili. Lakini Malawi nao si watu wa mali, na walipiga Nyuzilandi. Na kitu cha kwanza alichodai Taurua, yaani mbio na pumzi, hakinunuliwi kwa franga. Barabara ya shule yetu inapanda mlima bure kila asubuhi. Kupasiana mpira mmoja kwa haraka, watu kumi na ine, kunawezekana. Mpira mmoja unatosha kama kuna mutu anayejua kuufundisha. Mipira kumi haitoshi kama mutu huyo hayuko.

Wengine watasema: «Mabinti wasome, egzameni ya Serikali iko karibu.» Neno hili linatushangaza, sababu wakati saa ya michezo inapokatwa, mabinti hawapelekwi kusoma. Wanapelekwa kuchota maji. Kama ingekuwa juu ya masomo, tungenyamaza. Sisi wenyewe tuko na egzameni hiyo mbele yetu, tunaiogopa kuliko mutu mwingine, na bado tunasema saa moja ya uwanja kwa juma haijaangusha mutu.

Wengine tena, na hawa tunawaheshimu, ni wazazi wanaoogopa binti yao ataonekana vibaya akikimbia mbele ya watu. Kwao tunasema kwa upole: njooni siku ya tatu, muketi, mutazame. Mutaona mabinti wanaopangwa, wanaotii filimbi, wanaoangukiana na kuinuana. Na kama kocha angekuwa mwanamuke, mama ao dada mwenye kuheshimiwa kwa kartie, woga wenu ungepunguka nusu. Hilo nalo ni sababu ya kutaka wachezaji wa zamani warudi kufundisha.

TUNAOMBA NINI

Mutu anayelaumu tu bila kuonyesha njia ni sawa na mbwa anayebwekea gari. Kwa hiyo tunaleta maombi matatu.

Ombi la kwanza: saa ya siku ya tatu isiguswe. Maji yachotwe na wote, vijana wanaume na mabinti, kwa zamu, siku ingine. Majani yafyekwe hivyo hivyo. Sisi makapita tuko tayari kuandika zamu hizo na kuzibandika kwa mlango wa kila darasa, ili kazi ya wakubwa isiongezeke.

Ombi la pili: kila mfinalisti anayejua mchezo akamate wadogo wake kuanzia sasa, mbele ya kuondoka. Katika darasa letu kuna mabinti wane wanaojua basketi vizuri. Mwezi wa saba watafunga mizigo, na yote wanayoyajua yatapanda gari pamoja nao. Tumezungumza nao, nao wamekubali: kila mmoja atakamata mabinti watano wa madarasa ya chini, atawafundisha kudaka, kupasiana, kutupa, na kusimama mahali pake. Binti mmoja kati yao alisema, «Mimi sijui kufundisha, najua kucheza tu.» Tulimujibu: hata yule mama wa Nyuzilandi alianza hivyo.

Ombi la tatu ni kwa wakubwa wetu. Katika muji huu kuna mama na dada waliopita hapa shuleni, wakachezea ekipe ya shule, na wengine wakachezea hata jimbo. Leo wanauza soko, wanafundisha shule ya msingi, wanalea watoto. Hakuna mutu aliyewahi kuwaita. Waitwe. Hata kama ni mara mbili kwa mwezi. Hatuombi walipwe mshahara ambao shule haina. Tunaomba waandikiwe barua ya heshima yenye muhuri, wapokewe vizuri, wapewe filimbi, na mwalimu wa michezo akae pamoja nao. Wakikataa, basi. Lakini tusiseme hawapo wakati hatujagonga mlango wao.

Sisi hatutakuwa hapa kuona matunda. Egzameni ikipita, kila mmoja ataenda njia yake, na wengine hatutaonana tena. Ndiyo maana tunasema sasa. Hatuna hakika kama kati ya mabinti wa darasa la kwanza, wale wanaoogopa bado hata kushika mpira, kuna mmoja atakayechezea inchi. Pengine hakuna. Lakini hata kama hakuna, anaweza kuwako mmoja atakayefundisha mwengine, na huyo mwengine ndiye atakayecheza. Mlolongo huo unakatika kwa urahisi sana: inatosha kukata saa moja, siku ya tatu, na mutu yeyote asiulize.

Sisi tumeuliza. Walimu wetu na wenzetu, tunangoja jibu lenu katika gazeti hili, toleo linalokuja. Hata jibu la kutupinga tutalisoma kwa furaha.

Ni sisi wenu,
Kapita wa wanafunzi, mwaka wa sita,
kwa jina la wafinalisti wote.